Jicho la Jirani: Hotuba ya Mfanyabiashara wa Bima Anayefuga Farasi

Mheshimiwa Mwenyekiti, madaktari wa mifugo, wafugaji wenzangu, ndugu zangu mawakala na wafanyakazi wa sekta ya bima, mabibi na mabwana.

Nimeombwa nieleze jinsi mtu aliyejipatia riziki kwa kuuza bima alivyoishia kuamka alfajiri kulisha farasi, na kama kati ya kazi hizo mbili kuna uhusiano wowote zaidi ya kwamba moja huingiza fedha na nyingine huzitafuna. Swali hilo huulizwa kwa tabasamu, nami kwa miaka mingi nimelijibu kwa tabasamu. Leo nitalijibu kwa makini, kwa sababu karibu kila nilichokielewa kuhusu bima nilikielewa nikiwa zizini, na makosa makubwa niliyoyafanya katika biashara niliyafanya nilipokuwa mbali na zizi. Naahidi pia kutowasomea ile methali ya tahadhari kabla ya hatari. Sisi watu wa bima tumeibandika kwenye kalenda nyingi mno hata imekwisha ladha.

Nilipotaka kununua farasi wangu wa kwanza, jike wa rangi ya kahawia mwenye baka jeupe usoni, nilifuatana na saisi mmoja mzee aliyeishi na farasi tangu utotoni. Mimi nilikwenda moja kwa moja kichwani na kutaka kumfungua mdomo, kwa kuwa nilikuwa nimesoma kwamba umri wa farasi husomwa kwenye meno. Mzee akanishika mkono. "Mwanangu," akaniambia, "meno hayakimbii. Kwanza mtembeze." Akaagiza jike yule aongozwe kwa mbio ndogo juu ya ardhi ngumu, kamba ikiwa imelegezwa ili kichwa kiwe huru, kisha yeye mwenyewe akageuza uso na kutazama kando. Nilidhani jua limemchosha. Kumbe alikuwa anasikiliza. Farasi mzima akienda mbio ndogo kwato zake hupiga mapigo mawili yaliyo sawa, kama mtu anayetwanga bila haraka. Aliye na mguu mbovu hupiga pigo moja zito na moja jepesi, maana anauonea huruma mguu unaomuuma. Baada ya kusikiliza ndipo mzee akatazama, akanionyesha kwamba kichwa cha farasi anayechechemea mguu wa mbele huinuka pale mguu mbovu unapogusa ardhi na hushuka pale mguu mzima unapopokea uzito. Akaweka kiganja juu ya kila ukwato kupima joto, akapapasa mishipa ya nyuma ya kila mguu kwa vidole viwili, na mwisho kabisa akamfungua mdomo. Huko nako alinikatisha tamaa: meno husema kweli farasi akiwa mchanga, wakati yale ya utotoni yanapong'oka na mengine kuota kwa mfuatano unaojulikana, lakini baada ya miaka 5 au 6 kila anayeyasoma anakisia tu, ingawa wengine hukisia vizuri kuliko wengine.

Ukaguzi ule ulichukua karibu saa nzima. Wiki hiyohiyo wakala wa kampuni yangu alikuwa amewakatia bima farasi watatu kwa fomu yenye swali moja tu kuhusu afya: mnyama ni mzima, ndiyo au hapana. Fomu ile niliitunga mimi mwenyewe, na nilikuwa nikijivunia ufupi wake.

Watu wa vijijini hawakungoja kampuni ije kuwafundisha bima. Katika karne ya 19 wakulima wadogo wa Uingereza, Ujerumani na nchi za jirani walikuwa na vyama vya ng'ombe, ambamo kila mwanachama alitoa mchango mdogo na mfuko ukamlipa yule aliyefiwa na mnyama wake. Ng'ombe alikaguliwa kabla ya kupokelewa, na katika vyama vingi alitiwa alama ili asije akafa mwingine akadaiwa kuwa ndiye. Kamati ilikuwa ya majirani, na jirani huhitaji kuchunguza kidogo sana, kwa sababu ameshaona. Anajua nani huamka kumnywesha mnyama na nani humwacha na kiu, anajua ng'ombe yule alianza kukohoa lini, na akiitwa usiku kusaidia uzazi mgumu anakwenda, kwa kuwa mnyama akifa naye amepoteza. Wahenga walisema ng'ombe akivunjika guu hurejea zizini. Vyama vile vilikuwa zizi la mwenye ng'ombe, mahali pa kurejea yeye mwenyewe anapovunjika.

Bima ilipohama kutoka kwa majirani kwenda kwenye makampuni, jicho lile lilipotea, na yote ambayo tangu hapo tumeyaita mkataba ni juhudi ya kulirudisha kwa maandishi. Mwaka 1766 jaji mmoja wa Uingereza, Lord Mansfield, akiamua kesi ya bima iliyohusu ngome katika kisiwa cha Sumatra, alieleza msingi ambao biashara yetu inasimama juu yake hadi leo: kwamba mambo yanayoamua ukubwa wa hatari kwa kawaida anayajua yule anayekata bima peke yake, na anayeibeba hana budi kumwamini, kwa hiyo aliyekata haruhusiwi kuficha. Watu husahau kwamba jaji yule aliufunga upande wa pili pia. Kampuni iliyokuwa na nafasi ya kujua jambo haiwezi baadaye kujifanya imefichwa, na katika kesi ile aliyebeba hatari ndiye aliyeshindwa.

Sasa uchukue mkataba wa kawaida wa bima ya uhai wa farasi, ule unaodumu mwaka mmoja na kulipa mnyama akifa kwa ajali au ugonjwa au akiibwa, uusome ukiwa na jirani yule akilini. Cheti cha daktari kabla ya bima kuanza ni jirani anayesikiliza kwato. Siku za kungoja kabla ugonjwa haujaanza kulipiwa ni jirani anayejua kwamba farasi huyu alikuwa anakohoa tangu juzi. Sharti la kuitaarifu kampuni mara tu mnyama anapougua, si baada ya kufa, ni ule mlango unaogongwa usiku. Uchunguzi wa mzoga ni jirani anayeuliza kwa upole kwa nini shimo lilichimbwa haraka hivyo. Nimewaambia wanaoniandikia mikataba kwamba kifungu kisichoweza kunionyesha ni jicho gani kinachokaa mahali pake kifutwe, nusu ya kurasa zikafutwa, na hakuna mteja hata mmoja aliyezikumbuka.

Kifungu kinachochukiwa kuliko vyote ni kile kinachokataza farasi kukatiwa bima kwa thamani inayozidi ile ambayo mnunuzi angeitoa leo. Mfugaji hukasirika, kwa sababu katika moyo wake farasi wake hana bei, nami namwelewa, kwa kuwa jike wangu yule sasa ni mzee na bei yake sokoni ni aibu kuitaja. Lakini kuna sababu. Nchini Marekani, katika miaka ya 1980 na mwanzoni mwa miaka ya 1990, baadhi ya wamiliki wa farasi wa mashindano walimlipa mtu awaue wanyama wao ili wadai bima, na njia yake kuu ilikuwa umeme, kwa sababu mauti yake yalifanana na yale ya msokoto wa tumbo, ugonjwa unaoua farasi kwa ghafla bila kumshangaza mtu. Mwaka 1994 waendesha mashtaka wa serikali kuu mjini Chicago waliwafikisha mahakamani zaidi ya watu kumi, wakiwemo watu wenye heshima katika michezo ya farasi. Farasi waliouawa walikuwa na jambo moja la kufanana: walikuwa na thamani kubwa zaidi wakiwa wamekufa. Kampuni inayoandika tarakimu kubwa ili mteja afurahi na ada iongezeke inasaidia kuifikisha hali ile mlangoni pa zizi, hata kama haikukusudia.

Nimeutaja msokoto wa tumbo, na hapo ndipo kuna jambo ambalo lazima nilieleze.

Farasi hawezi kutapika. Utumbo wake ni mrefu, na sehemu yake kubwa imelegea ndani ya tumbo kiasi kwamba inaweza kujisokota. Ikijisokota, gesi na chakula havipiti, damu haipiti, na mnyama mwenye uzito wa kilo 500 aliyekuwa anakula jioni anaweza kuwa mfu kabla ya mapambazuko. Dalili zake mfugaji anazijua: farasi anaparura ardhi kwa mguu wa mbele, anageuka kutazama ubavu wake kana kwamba kuna mtu aliyemgusa, anatoka jasho, analala na kuinuka na kulala tena. Usiku mmoja mteja wetu alimkuta farasi wake katika hali hiyo. Akamwita daktari, daktari akaja, akampima na kusema kwamba utumbo umesokota, upasuaji hauwezekani mahali pale, na huruma iliyobaki ni kumpumzisha mnyama. Mteja alikuwa mwaminifu na mwenye hofu. Mkataba wetu ulisema farasi asiuliwe bila kibali cha kampuni, ukatoa namba ya simu ya kuomba kibali. Akapiga. Hakuna aliyepokea. Akapiga tena na tena mpaka jogoo akawika, huku mnyama akijigonga ukutani, na daktari akimpa dawa za maumivu ambazo baada ya muda hazikufanya kazi. Mfanyakazi wetu alipokea simu asubuhi ofisi ilipofunguliwa. Farasi alikuwa amekufa mwenyewe, muda mfupi kabla.

Fidia tulilipa yote, na haraka. Nilikwenda mwenyewe kumwona. Yule bwana hakunitukana. Alinipeleka zizini, akanionyesha alama za kwato ukutani, zilizopanda hadi usawa wa kifua changu, kisha akaniuliza kama namba ile ya simu ilikuwa ya kweli. Ilikuwa ya kweli. Ilikuwa juu ya meza, katika chumba kilichofungwa.

Kifungu kile tulikibadilisha mwezi huohuo. Sasa daktari aliyepo zizini akiona kwamba mnyama anateseka bila tumaini, uamuzi ni wake. Analotakiwa ni kuandika alichokiona na kuutunza mzoga ukaguliwe. Wenzangu kadhaa katika biashara walinionya kwamba nimefungua mlango kwa matapeli, na inawezekana wapo waliopita. Ninajua tu kwamba kifungu cha zamani kilikuwa jicho lililowekwa mahali pa jirani, na usiku ule jicho lenyewe lilikuwa limelala.

Msinielewe vibaya nikadhaniwa natamani turudi kwenye vyama vya ng'ombe. Jirani huona vizuri, lakini huona karibu. Mwanatakwimu Ladislaus von Bortkiewicz, katika kitabu alichokichapisha mwaka 1898, alichukua kumbukumbu za askari wa jeshi la Prussia, dola ya Kijerumani ya wakati ule, waliouawa kwa mateke ya farasi. Alihesabu vikosi 10 kwa miaka 20, yaani taarifa 200 za mwaka mmoja mmoja, na vifo vyote vilikuwa 122. Katika taarifa 109 hakufa mtu. Katika 65 alikufa mmoja, katika 22 walikufa wawili, katika 3 walikufa watatu, na mara moja tu walikufa wanne. Fikirini kamanda wa kikosi kile kilichopoteza watu wanne katika mwaka mmoja: bila shaka alitafuta farasi mkorofi, au saisi mlevi, au laana. Hesabu zinaonyesha kwamba hakuhitaji kutafuta. Ukijua wastani peke yake, yaani vifo 0.61 kwa kikosi kwa mwaka, kanuni ya uwezekano inakuambia kwamba taarifa zisizo na kifo zitakuwa karibu 109, zenye kifo kimoja karibu 66, na kwamba mwaka mmoja wa kutisha mahali fulani si ajabu hata kidogo. Huyu ndiye mnyama aliyesaidia kuifundisha dunia hesabu za matukio adimu, na nakiri hunifurahisha kwamba alifanya hivyo kwa teke.

Jirani hawezi kuiona kanuni hiyo, kwa sababu yuko ndani ya kikosi kimoja. Huona balaa na humtafuta mwenye kosa. Mwenye takwimu za vikosi vyote huona utulivu, na utulivu huo ndio tunaouuza. Ndiyo maana napenda kumtaja George Mecherle, mkulima wa jimbo la Illinois aliyeanzisha kampuni ya State Farm mwaka 1922. Alijua kwa kuishi nao kwamba wakulima waliendesha magari kidogo kuliko watu wa mjini na kupata ajali chache, ilhali walitozwa ada zilizokadiriwa kwa hatari za mjini. Akatengeneza bima ya magari kwa ajili ya wakulima, kwa ada zinazowafaa. Alikuwa na jicho la jirani na hesabu ya mbali kwa pamoja, na kampuni ile ikaja kuwa miongoni mwa kubwa kabisa nchini Marekani.

Hata hivyo hesabu nayo ina siku yake ya aibu, na siku hiyo mara nyingi huletwa na ugonjwa. Mateke ya farasi hayaambukizi. Homa ya mafua huambukiza. Mwishoni mwa Septemba 1872 mafua ya farasi yalionekana karibu na Toronto, na ndani ya miezi michache yalikuwa yameenea sehemu kubwa ya Amerika Kaskazini. Farasi wengi walipona, lakini kwa wiki kadhaa hawakuweza kufanya kazi, na katika miji ambayo kila mkokoteni, kila gari la abiria na kila shehena ya makaa ilivutwa na farasi, maisha yalisimama. Tarehe 9 Novemba moto ulizuka mjini Boston. Mitambo ya kuzimia moto, ambayo kwa kawaida ilivutwa na farasi, ilibidi ivutwe na watu kwa mikono. Majengo 776 yaliteketea, na makampuni mengi ya bima yakafilisika. Kwa haki niseme kwamba uchunguzi uliofanywa baadaye uliona kukosekana kwa farasi kulichelewesha wazima moto kwa dakika chache tu, na kwamba moto ule ulikuwa na sababu nyingine nyingi za kukua, zikiwemo mapaa ya mbao na mabomba yenye maji haba. Lakini makampuni yaliyofilisika yalikuwa yamekata bima nyingi mno mahali pamoja, kosa lilelile la chama cha ng'ombe kinapovamiwa na tauni. Bima mtawanyo, ambayo kwayo kampuni yangu huigawa hatari yake kwa makampuni ya nchi nyingine, ni gharama inayoniuma kila mwaka, na kila mwaka nailipa kabla ya kununua majani makavu.

Wafugaji wanaoishi mbali kabisa, ambako hakuna daktari wa kusaini cheti wala wakala wa kukagua mzoga, wametengenezewa bima ya namna nyingine, inayotazama eneo zima badala ya mnyama mmoja. Mongolia, nchi ambayo farasi ni sehemu ya uhai wa mtu, ilianza kuijaribu mwaka 2006. Mfugaji halipwi kwa sababu farasi wake amekufa; analipwa iwapo vifo vya farasi katika wilaya yake, kwa mujibu wa hesabu ya mifugo ya serikali, vimevuka kiwango kilichowekwa. Uzuri wake ni kwamba anayejitahidi kuwaokoa wanyama wake halipwi kidogo kuliko mzembe, na hakuna anayefaidika kwa kumwua mnyama. Majira ya baridi ya 2009 na 2010, theluji na baridi kali viliua zaidi ya wanyama milioni 8 nchini humo, na bima hiyo ikalipa. Ubaya wake ni kwamba mtu anaweza kupoteza farasi wote katika wilaya ambayo kwa jumla imesalimika, asipate chochote. Mfugaji huyo utamwambia nini? Hesabu ni sahihi na yeye amebaki na hatamu mkononi. Sijapata jibu la swali hilo, na sijamwona aliyelipata, isipokuwa pale wafugaji wenyewe wanapoweka mfuko mdogo wa kijirani chini ya ile bima kubwa, ili jicho la karibu lifunike pengo ambalo jicho la mbali haliwezi kuliona.

Kwa upande wangu nimefanya jambo dogo. Kila wakala anayetaka kukata bima ya farasi katika kampuni yangu hukaa kwanza zizini mwezi mmoja, anaondoa samadi, anabeba maji, maana farasi mmoja anaweza kunywa lita 40 kwa siku na ndoo ina uzito wake, na anajifunza kusikiliza. Wawili waliacha kazi wiki ya kwanza. Mmoja aliacha bima, akabaki zizini.

Mheshimiwa Mwenyekiti amenikumbusha kwamba muda wangu umekwisha. Nje ya ukumbi kuna farasi watatu niliokuja nao, na mmoja wao anachechemea kidogo mguu wa mbele. Ni jeraha la zamani, halimuumi sana. Saisi atawaongoza kwa mbio ndogo pale penye sakafu ya mawe. Sitawaambia ni yupi. Wenzangu wa bima, naomba mgeuze nyuso mtazame kando.